Kompyuta isipoiona simu: faili za maktaba zinazounganisha kompyuta na vicheza muziki

Katika vibanda vya kuwekea nyimbo vya Mbinga mjini, na vile vya Mbamba Bay na Lituhi kule chini ziwani, kompyuta moja huhudumia vyombo vya kila namna: simu janja ya mkulima wa kahawa, memori kadi ya redio ya mvuvi, flashi ya sabufa ya dukani, na mara mojamoja iPod kuukuu iliyoletwa na ndugu aliye mbali. Flashi ikichomekwa hufunguka papo hapo. Simu ikichomekwa, mara nyingine huanza kuchaji tu na kompyuta ikabaki kimya. Mteja hudhani simu imekufa. Mwenye kibanda hudhani ni virusi. Mara nyingi hakuna kilichokufa. Flashi huzungumza lugha ambayo kila kompyuta imezaliwa nayo, ilhali simu huhitaji mkalimani, na mkalimani huyo ni faili za maktaba ya programu.

Maktaba ya programu ni faili yenye kazi zilizokwisha kuandikwa, ambazo programu nyingine huziita zikizihitaji. Aliyetengeneza programu ya kuchezea muziki hakuandika upya namna ya kuiuliza simu ina nyimbo gani. Programu yake huiita maktaba, nayo maktaba ndiyo inayouliza. Kwenye Windows majina ya faili hizi huishia na .dll, kwenye Linux .so, na kwenye kompyuta za Apple .dylib. Draiva ni jirani yake: hiyo huzungumza na kifaa chenyewe kupitia tundu la USB, kisha maktaba husimama kati ya draiva na programu. Mitaani vyote viwili huitwa draiva, na hakuna madhara makubwa hadi siku ya kutengeneza.

Kwa nini simu haifunguki kama flashi

Kompyuta hufikia nyimbo zilizo kwenye kifaa cha mkononi kwa njia kuu mbili.

Ya kwanza ni ya flashi. Kompyuta hukabidhiwa hifadhi yote, ikaisoma na kuiandika yenyewe kama diski yake. Simu za Android za mwanzo zilitumia njia hii, na kasoro yake ilionekana upesi: kadi ikishikwa na kompyuta, simu haiwezi kuitumia, hivyo nyimbo na picha hutoweka kwenye simu mpaka waya uchomolewe. Kibaya zaidi, waya ukichomolewa katikati ya kazi, jedwali la hifadhi nzima linaweza kuharibika.

Njia ya pili ni MTP. Microsoft iliibuni kwa kupanua PTP, utaratibu wa kuhamishia picha kutoka kwenye kamera za dijitali, na mwaka 2008 jumuiya inayosimamia USB iliipokea MTP kuwa utaratibu rasmi. Android iliichukua kuanzia toleo la 3.0, mwaka 2011. Hapa kompyuta haigusi diski ya simu hata kidogo. Huuliza, "Una nini?" Simu hujibu kwa orodha, kila faili na namba yake. Kompyuta huomba faili kwa namba, au hutuma faili mpya na kuiachia simu iiweke inapotaka. Ni kama duka la zamani lenye kaunta: mteja hasogei kwenye rafu, anataja anachotaka na muuzaji anakitoa. Waya ukichomoka, huharibika faili ile iliyokuwa njiani, si duka zima.

Gharama ya usalama huo ni kwamba pande zote mbili lazima zijue maneno ya kaunta. Simu huyajua tangu kiwandani. Kompyuta huyajua kupitia maktaba, na maktaba ikikosekana, ikiwa ya toleo lisilofaa, au ikiwa imeshikwa na programu nyingine, mazungumzo hayaanzi.

Majina ya faili zenyewe

Kwenye Windows kazi hii hufanywa na kundi linaloitwa WPD. Ndani yake mna PortableDeviceApi.dll, ambayo programu huiita, wpdshext.dll, inayoifanya simu ionekane kwenye dirisha la mafaili, WpdMtp.dll, yenye maneno ya MTP, na wpdmtp.inf, karatasi ya maelekezo inayoiambia Windows iunganishe draiva gani simu ikichomekwa. Huja na Windows yenyewe, isipokuwa matoleo ya N yanayoelezwa hapa chini. Kwa matoleo mengine, hakuna anayepaswa kuzinunua wala kuzitafuta kwenye intaneti.

Kwenye Linux mkalimani ni libmtp, ambayo hukaa juu ya maktaba nyingine, libusb. Imeandikwa na watu wanaojitolea, mmoja wa wakuu wao akiwa Linus Walleij wa Uswidi (si yule Linus wa Linux). Ndani ya libmtp mna faili iitwayo music-players.h, ambayo ni daftari la vifaa: kila kifaa kimeandikwa kwa namba mbili, ya mtengenezaji na ya bidhaa, pamoja na tabia zake za ajabu, maana vifaa vingi havifuati utaratibu kama ulivyoandikwa. Samsung ina namba 04e8, Google 18d1, Apple 05ac. Simu nyingi za bei nafuu hujitambulisha kwa 0e8d, namba ya MediaTek aliyetengeneza chipu, hata kama mgongoni zina jina jingine kabisa.

Kwa iPod kuna libgpod, na kwa iPhone kuna libimobiledevice. Hizo zina mambo yake, na ya iPod yanaelezwa hapa chini.

Kabla ya kugusa faili yoyote

Kosa linalopoteza muda mwingi zaidi ni kuanza kutengeneza Windows wakati tatizo ni waya wa mia chache. Hatua hizi zifuatwe kwa mpangilio huu, bila kuruka:

1. Badilisha waya. Waya wa USB wa kawaida una nyaya nne ndani, mbili za umeme na mbili za data. Waya nyingi zinazouzwa pamoja na chaja za bei nafuu zina zile mbili za umeme tu. Simu itachaji, na data haitapita milele.
2. Chomeka moja kwa moja kwenye kompyuta, si kwenye kigawanyo cha USB. Kompyuta ya mezani itumie tundu la nyuma.
3. Kagua tundu la simu. Wakati wa kiangazi vumbi la barabara za vijijini hushindiliwa humo hadi waya usiingie sawasawa. Zima simu, kisha toa vumbi kwa kijiti kikavu cha meno, taratibu. Sindano haifai.
4. Fungua simu kwa namba ya siri au alama ya kidole, na iachwe wazi. Simu iliyofungwa huonekana kwenye kompyuta kama folda tupu.
5. Shusha pazia la arifa kwenye simu, gusa ujumbe wa USB, chagua "File transfer" au "MTP", au maneno ya kuhamisha faili kama simu iko kwa Kiswahili. Simu nyingi huanza na chaguo la kuchaji tu kila zinapochomekwa.
6. Jaribu simu nyingine kwa waya uleule. Ikifunguka, maktaba za kompyuta ni nzima, na uchunguzi urudi kwenye simu ya kwanza.

Simu mbili tofauti zikikataa kwa waya unaojulikana kuwa mzima, sasa ndipo kompyuta ishukiwe.

Kutengeneza kwenye Windows

Habari njema kwa kibanda kisicho na bando ni kwamba hatua nyingi hapa hazihitaji intaneti. Faili zimo ndani ya kompyuta. Zimepoteza tu njia ya kukutana na simu.

1. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika winver, bonyeza Enter. Soma jina la toleo. Likiishia na herufi N, kama "Pro N", sababu imepatikana. Matoleo hayo yalitokana na uamuzi wa Tume ya Ulaya wa mwaka 2004 dhidi ya Microsoft, nayo hutolewa bila sehemu za muziki na video. Kompyuta iliyotumika Ulaya kabla ya kufika hapa inaweza kuwa nalo bila mnunuzi kujua. Dawa yake ni kifurushi cha bure cha Microsoft kiitwacho Media Feature Pack. Kwenye Windows 10 na 11 hupatikana ndani ya Settings, sehemu ya "Optional features". Hiki kinahitaji intaneti.
2. Kama toleo si N, bonyeza tena Windows na R, andika devmgmt.msc. Orodha ya vifaa itafunguka. Simu ikiwa imechomekwa, tafuta alama ya njano ya mshangao.
3. Bofya mara mbili jina lenye alama hiyo, usome namba ya kosa. Namba 28 ina maana draiva haijawekwa. Namba 10 ina maana kifaa kimeshindwa kuanza. Namba 43 ina maana kifaa chenyewe kimeripoti hitilafu, na hapo ni busara kurudi kwenye waya na tundu.
4. Kwa namba 28 au 10, bofya jina kwa kitufe cha kulia, chagua "Update driver", kisha "Browse my computer", kisha "Let me pick". Kwenye orodha chagua "MTP USB Device". Windows itatumia wpdmtp.inf iliyomo tayari. Onyo likitokea kwamba draiva huenda isifae, endelea, mradi kilichochomekwa kweli ni simu au kicheza muziki.
5. Ikishindikana, fungua Command Prompt kwa haki za msimamizi, andika sfc /scannow. Amri hii hukagua faili za Windows moja baada ya nyingine na kurudisha zilizoharibika kutoka kwenye akiba iliyo ndani ya kompyuta. Huchukua muda, hivyo kompyuta ya mezani isianzishiwe kazi hiyo siku umeme unakatika-katika.
6. Zima kompyuta na kuiwasha upya kabla ya kujaribu tena.

| ONYO: DLL ya mojamoja |
|---|
| Programu ikilalamika kwamba faili fulani ya .dll haipo, wengi hutafuta jina hilo kwenye intaneti na kupakua faili hiyo peke yake. Hilo lisifanyike. Kwanza, faili ya namna hiyo huendeshwa na haki zilezile za programu inayoiita. Aliyeficha virusi ndani yake amepewa ufunguo wa nyumba. Pili, kuna DLL za biti 32 na za biti 64, na mahali pa kuziweka hudanganya: kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo ya faili za biti 64, na zile za biti 32 hukaa SysWOW64. Tatu, faili moja huwa na wenzake wa toleo lilelile, na ikija peke yake hugombana nao. |
| Njia sahihi ni kuweka upya kifurushi kizima kutoka kwa mwenyewe. MSVCR100.dll ikikosekana, huwekwa kifurushi cha Visual C++ 2010 cha Microsoft. iTunesMobileDevice.dll ikikosekana, iTunes huondolewa na kuwekwa upya nzima. |

Kutengeneza kwenye Linux

Vibanda vinavyotumia Ubuntu au ndugu zake ni vichache, lakini vina faida moja kubwa: virusi vya flashi za Windows haviwezi kujiendesha humo. Vifurushi vinavyohitajika ni libmtp-runtime na mtp-tools, vinavyowekwa kwa amri sudo apt install libmtp-runtime mtp-tools. Baada ya hapo:

1. Andika lsusb. Namba mbili za simu zionekane, kwa mfano zinazoanza na 0e8d. Zisipoonekana, tatizo ni waya au tundu. Maktaba haijafikiwa bado.
2. Andika mtp-detect. Ikifanikiwa, itamwaga ukurasa mzima wa maelezo ya simu.
3. Ikisema kifaa kina shughuli na kutaja GVFS, dirisha la mafaili limeishika simu kabla. MTP huhudumia mzungumzaji mmoja kwa wakati. Ondoa simu kwenye dirisha hilo kwa alama ya kutolea, kisha jaribu tena.
4. Ikisema kifaa ni UNKNOWN, namba za simu hazimo kwenye daftari la music-players.h. Ujumbe huu hutisha bure. Mara nyingi simu hufanya kazi vilevile, kwa kuwa Android za kisasa hufanana sana.
5. Programu ya muziki ikikataa kufunguka kwa kukosa libmtp.so.9, andika ldd ikifuatiwa na njia ya programu hiyo. Kila maktaba iliyoandikwa "not found" ndiyo inayokosekana.

Simu imeonekana, wimbo hauonekani

Hili si kosa la maktaba ya kompyuta, ingawa hulaumiwa. Simu ikiulizwa ina nini, haitazami diski upya. Husoma orodha iliyojiandalia. Kwaya ikirekodiwa kwa simu huko Liuli saa nne, na simu ikachomekwa saa tano, rekodi inaweza kukosekana kwenye orodha ingawa inachezeka kwenye simu. Zima simu, iwashe, subiri dakika moja au mbili, chomeka tena. Anayefuta rekodi kwa kuamini haikukamilika hujuta baadaye, hasa ikiwa ni ya mganda au kioda iliyochezwa siku moja ya sherehe na haitarudiwa.

iPod na shauri lake

Kwenye iPod za kawaida hifadhi hufunguka kama flashi, na hapo ndipo mtego ulipo. Mtu hunakili nyimbo mia mbili, nafasi inapungua, lakini iPod inasema haina wimbo. Sababu ni kwamba iPod haitafuti nyimbo kwenye folda. Husoma daftari lake, faili iitwayo iTunesDB iliyo ndani ya iPod_Control. Wimbo usioandikwa humo haupo. iTunes huandika daftari hilo, na kwenye Linux huandikwa na libgpod kupitia programu kama Rhythmbox. Modeli za kuanzia 2007 huhitaji pia alama ya uthibitisho inayotokana na namba ya kifaa, kwa hiyo daftari la iPod moja haliwezi kunakiliwa kwenye nyingine. Waya usichomolewe kabla ya kutoa kifaa kwa usalama: daftari likikatika katikati, nyimbo zote hutoweka machoni ingawa zimo. Apple iliacha kutengeneza iPod mwaka 2022, hivyo vipuri na nyaya zake zitunzwe.

Redio za flashi na memori kadi

Hizi hazihitaji mkalimani, na ndizo nyingi kwenye mitumbwi na mashambani. Matatizo yake ni mawili. Moja ni muundo wa kadi: redio nyingi husoma FAT32 pekee, ilhali kadi za GB 64 na zaidi huja na exFAT. Kadi ya GB 32 au chini ya hapo huepusha maswali. La pili ni aina ya faili. Rekodi za simu mara nyingi ni .m4a, na sauti za WhatsApp ni .opus; redio husoma .mp3. Kubadilisha nako kuna maktaba yake, libmp3lame, inayoitwa na programu ya ffmpeg:

ffmpeg -i kwaya.m4a -b:a 128k kwaya.mp3

Kwa kiwango hicho wimbo wa dakika tano huchukua takribani MB 4.8, na kadi ya GB 4 hubeba nyimbo kama 800. Redio nyingi za bei nafuu hucheza kwa mpangilio wa kunakiliwa, si wa alfabeti. Anayetaka nyimbo za ibada zifuatane azinakili moja baada ya nyingine kwa mfuatano huohuo.

Kuuza nyimbo za wasanii bila idhini ni kosa chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999, inayosimamiwa na COSOTA. Kurekodi kwaya au kikundi cha ngoma kwa ridhaa yao na kuwapa nakala ni jambo jingine.

Mfuko wa kuteremkia ziwani

Anayeshuka kutoka Mbinga kwenda kufanya kazi Mbamba Bay, Kihagara au Lituhi hana sababu ya kupakua vitu huko kwa bando la simu. Vyote vikusanywe mjini kwenye flashi moja safi:

☐ Waya mbili za data zilizojaribiwa: moja ya tundu dogo la zamani, moja ya Type-C
☐ Kisomea memori kadi, njia ya mkato simu ikikataa kabisa
☐ Vifurushi vya Visual C++ vya Microsoft, vya biti 32 na 64
☐ iTunes kamili, kama kuna iPod au iPhone za kuhudumia
☐ Kwa Linux, faili za .deb zilizopakuliwa kwa sudo apt install --download-only, kutoka /var/cache/apt/archives, kwa toleo lilelile la kompyuta itakayotumika
☐ ffmpeg, na faili moja fupi ya .m4a ya kuijaribia
☐ Karatasi yenye namba za makosa: 28, 10, 43

Jaribio lifanyike kabla ya safari. Zima intaneti kabisa, chukua kompyuta ile itakayokwenda, weka kila kifurushi kutoka kwenye flashi hiyo, kisha chomeka simu na uhamishe wimbo mmoja kwenda na mmoja kurudi. Kinachogoma hapo mjini bado kina muda wa kupakuliwa upya.